Kopo la mapichi lina kazi: Kobla ya Georgia kwa mzazi mwenye saa moja

Anayetoka Atlanta kwa gari na kushika barabara kuu namba 75 kuelekea kusini huupita mji wa Macon, na muda mfupi baadaye huanza kuona mabango yenye picha ya tunda la duara, nusu jekundu na nusu la njano. Hapo ndipo unapoanza ukanda wa mapichi wa jimbo la Georgia, kusini-mashariki mwa Marekani. Kuanzia katikati ya Mei hadi katikati ya Agosti, kando ya barabara ndogo za huko hupangwa vikapu juu ya meza za mbao, na wenye magari husimama kununua.

Wengi wao huwa wameshajua watapika nini. Watapika kobla. Hiki ni kitindamlo cha matunda yaliyookwa pamoja na rojo la unga wa ngano, siagi na maziwa. Huliwa kwa kijiko kikiwa bado cha moto, mara nyingi na aiskrimu inayoyeyuka juu yake. Katika majimbo ya kusini mwa Marekani, kobla ni mgeni wa kawaida kwenye chakula cha pamoja baada ya ibada, kwenye mikutano ya ukoo wakati wa kiangazi, na kwenye nyumba iliyofiwa, ambako majirani huileta ikiwa imefunikwa kwa karatasi ya foili.

Msimu wa mapichi, hata hivyo, ni wa miezi mitatu tu, na watu husali na kufiwa mwaka mzima. Miezi mingine yote, tunda la kobla hutoka dukani, ndani ya kopo. Wapishi wa Georgia hawaoni haya kulisema hilo. Na hapo ndipo kobla inapomfaa mzazi anayerudi kazini jioni akiwa amechoka, awe mzaliwa wa Georgia au mgeni aliyefika juzi kutoka Kongo na watoto wake na Kiswahili chake.

Kaunti yenye jina la tunda

Mji ulio katikati ya ukanda huu ni Fort Valley, makao makuu ya Kaunti ya Peach. Jina hilo maana yake ni pichi. Kaunti iliundwa mwaka 1924 kwa kumegwa kutoka kaunti jirani za Houston na Macon, na ndiyo ya mwisho kuundwa kati ya kaunti 159 za Georgia. Wakati huo mapichi yalikuwa yameshawapa wenyeji fedha na majivuno ya kutosha kuiita kaunti nzima kwa jina la tunda.

Fort Valley ni mji mdogo. Una chuo kikuu cha serikali, Fort Valley State University, kilichoanza mwaka 1895 kama shule ya kuwasomesha watoto wa watu weusi, miaka 30 tu baada ya utumwa kukomeshwa. Una pia kiwanda cha Blue Bird kinachounda mabasi ya njano ya shule. Mzazi anayeishi Marekani huenda kila asubuhi humpandisha mtoto wake kwenye basi lililotengenezwa katika mji huu wa mapichi. Kila Juni mji hufanya tamasha, na kivutio chake ni kobla moja kubwa mno, inayookwa kwenye chombo kinachopita kitanda kwa urefu na kugawiwa watu waliokusanyika.

Kusini-magharibi mwa Fort Valley upo mji mdogo zaidi, Marshallville. Huko, katika miaka ya 1870, mkulima Samuel Rumph alipata aina mpya ya pichi na kuipa jina la mkewe, Elberta. Lilikuwa pichi la njano lenye nyama iliyokaza, lililoweza kuvumilia safari ya reli hadi miji ya kaskazini bila kupondeka. Tunda lililokuwa la uani likawa la biashara.

Wachumaji kwa miaka mingi walikuwa watu weusi wa Georgia, ambao wazee wao walilima pamba katika ardhi hiyo hiyo wakiwa watumwa. Siku hizi wengi hutoka Mexico kwa vibali vya kazi za msimu. Pichi bado huchumwa kwa mkono, moja moja, kwa sababu huchubuka upesi. Mwenye shamba huwatuma wachumaji kwenye mti uleule mara kadhaa, kila mara wachukue yaliyo tayari na kuyaacha mengine.

Mti wenyewe una masharti. Unahitaji baridi ili ulale. Aina nyingi zinazopandwa Georgia zinataka saa kati ya 600 na 1,000 za baridi ya chini ya nyuzi 7 za Selsiasi kila mwaka, na mti uliokosa usingizi huo hauchanui vizuri. Ukishachanua, hautaki tena baridi ya kugandisha, kwa maana huua maua na vitunda vichanga. Mwaka 2023 mabaya yote mawili yalikuja pamoja. Majira ya baridi yalikuwa ya joto, miti ikachanua mapema, kisha baridi kali ikapiga mwezi Machi. Zaidi ya asilimia 90 ya mavuno ya mapichi ya Georgia yalipotea.

Mkulima aliyepoteza mavuno yake alikuwa na la kulilia. Jikoni, lakini, kobla ziliendelea kupikwa, kwa kuwa makopo yalikuwapo dukani.

Moto chini, moto juu

Pichi halikuanzia Marekani. Chimbuko lake ni China, na Wahispania ndio waliolifikisha Amerika katika karne ya 16. Wenyeji wa asili walilipenda, wakalipanda na kulieneza hadi mbali ndani ya bara, kiasi kwamba Waingereza walipofika maeneo mengi walilikuta.

Kobla nayo ilitokana na uhaba wa vifaa. Walowezi waliotoka Uingereza walizoea pai, yaani matunda yaliyofunikwa kwa unga uliosukumwa na kuokwa ndani ya tanuri. Kwenye makazi mapya tanuri zilikuwa chache. Kilichokuwapo ni chungu kizito cha chuma chenye mfuniko, kilichokaa juu ya makaa huku makaa mengine yakipaliwa juu ya mfuniko. Mpishi alitia matunda, akayafunika kwa unga uliokandwa harakaharaka, akasubiri. Juu palitoka pana mabonde na vilima. Hakuna aliyejali, maana ndani palikuwa na ladha.

Msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki hahitaji maelezo marefu hapo. Mkate wa kumimina hupikwa kwa njia hiyohiyo: rojo ndani ya sufuria, moto wa wastani chini, makaa juu ya mfuniko, na mpishi anayejua kwa harufu wakati wa kufunua.

Katika nyumba za matajiri wa kusini, jiko lilikuwa mikononi mwa wanawake weusi waliokuwa watumwa, na ujuzi wao ndio uliojenga sehemu kubwa ya kile kinachoitwa leo mapishi ya kusini. Mmoja wao anajulikana kwa jina. Abby Fisher alizaliwa utumwani South Carolina, baadaye akahamia San Francisco, na mwaka 1881 kikachapishwa huko kitabu chake cha mapishi. Hakujua kusoma wala kuandika. Aliyatamka mapishi yake na wengine wakayaandika.

Mapishi yanayoishi kichwani lazima yawe na vipimo vinavyoshikika. Kobla rahisi inayopikwa leo kwa vitu vya dukani imebaki na sura hiyo: kikombe kimoja cha unga, kikombe kimoja cha sukari, kikombe kimoja cha maziwa. Mtoto wa darasa la pili anaweza kuyakariri.

Kutoka mtungi hadi kopo

Tunda la kuhifadhiwa si jambo geni huko. Zamani, mwezi wa Julai, familia za Georgia zilimenya mapichi kwa ndoo, zikayajaza kwenye mitungi ya kioo pamoja na shira, na kuichemsha mitungi hiyo ndani ya sufuria kubwa hadi vifuniko vikaze. Katika karne ya 20 shule nyingi za vijijini zilikuwa na majengo ya umma ya kuhifadhia chakula. Familia zilileta mavuno yao na kutumia majungu makubwa ya mvuke. Baadhi ya majengo hayo bado hufunguliwa wakati wa kiangazi.

Bibi alipofungua mtungi Januari na kupika kobla, hakuna aliyemwambia kwamba si ya nyumbani. Kopo la dukani lilikuja kuchukua nafasi ya mtungi pale akina mama walipoingia viwandani na maofisini, na siku ya kumenya ndoo tano za mapichi ikakosekana.

Kuna jambo la kuchekesha ndani ya kopo hilo. Georgia hujiita Jimbo la Pichi, na Atlanta ina mitaa mingi yenye jina la mti huo hadi wageni hupotea. Hata hivyo California huvuna mapichi mengi zaidi kuliko jimbo lolote la Marekani, na huko ndiko yanakotoka mengi ya makopo ya nchi hiyo. Hivyo mama wa Fort Valley akifungua kopo mwezi Desemba, huenda anafungua tunda lililotoka upande wa pili wa nchi.

Sababu moja ni aina ya tunda. Yapo mapichi ambayo nyama yake imeng'ang'ania kokwa, na yapo ambayo kokwa hutoka yenyewe tunda likipasuliwa. Yanayong'ang'ania hubaki na umbo hata yakipikwa, ndiyo maana viwanda huyapenda. Yanayoachia kokwa, ambayo Georgia huyavuna zaidi kuanzia mwisho wa Juni, ni laini na yana maji mengi. Hayo ni matamu kuliwa mabichi, shingo imeinamishwa mbele ili maji yasichuruzike kwenye shati.

Kikombe, kikombe, kikombe

Kobla ya namna hii huwatosha watu 6 hadi 8. Kikombe cha kupimia cha Kimarekani hubeba mililita 240. Kikombe cha chai kinachokaribia hapo kinafaa, mradi kiwe kilekile kwa unga, sukari na maziwa.

Mahitaji:

- Siagi gramu 115, ambayo Marekani huuzwa ikiwa kipande kimoja kilichofungwa kwenye karatasi
- Unga wa ngano kikombe 1, ule uliokwisha kuchanganywa na beking pauda na chumvi kiwandani
- Sukari kikombe 1, au pungufu kama inavyoelezwa hapa chini
- Maziwa kikombe 1
- Mapichi ya kopo kubwa, lenye gramu 800 hivi
- Mdalasini wa unga nusu kijiko cha chai, kwa anayeupenda

Asiyepata unga wa aina hiyo huchukua unga wa kawaida kikombe kimoja, akatia beking pauda kijiko kimoja na nusu cha chai na chumvi robo kijiko cha chai.

Oveni huwashwa kwanza, nyuzi 180 za Selsiasi, ambazo kwenye majiko ya Marekani ni 350 za Farenhaiti. Siagi huwekwa ndani ya chombo cha kuokea chenye nafasi ya lita mbili au zaidi, na chombo huingizwa ndani ya oveni mpaka siagi iyeyuke bila kuungua. Wakati huo unga, sukari na maziwa hukorogwa ndani ya bakuli hadi mabonge yaishe. Rojo huwa jepesi, kama la chapati za maji.

Chombo cha siagi kikishatolewa, rojo humiminwa juu yake taratibu. Halikorogwi. Kisha vipande vya mapichi hupangwa juu ya rojo kwa kijiko, pamoja na sehemu ya maji yake, na mdalasini hunyunyizwa. Hapo tena hakuna kukoroga, na hili ndilo kosa la wengi wanaopika kobla mara ya kwanza. Ndani ya oveni matunda huzama, rojo huumuka na kupanda juu likiyazunguka, na siagi hukaanga kingo hadi ziwe za rangi ya asali. Anayekoroga huvuruga mpangilio huo na kupata keki nzito yenye majimaji.

Baada ya dakika 45 hadi 60 juu huwa pameiva, pana rangi ya dhahabu, na kijiti kikichomwa sehemu ya unga hutoka bila rojo bichi. Ni busara kuweka sinia kwenye rafu ya chini ili kudaka shira inayofurika. Kobla ikitoka huachwa dakika 15 hadi 20. Maji ya matunda hukaza kidogo, na ndimi za watoto husalimika, kwa sababu shira iliyochemka huunguza kuliko maji ya moto.

Kuhusu sukari, jibu limeandikwa kwenye kopo. Yapo makopo yenye shira nzito, yenye shira nyepesi, na yenye maji ya matunda tu. Anayechukua lenye shira nzito kisha akaongeza kikombe kizima cha sukari atapata kitu kitamu kupita kiasi. Wapishi wengi humwaga sehemu kubwa ya shira na kutia nusu kikombe cha sukari. Kopo la maji ya matunda na sukari robo tatu ya kikombe hutoa kobla ambayo bado ni kitindamlo, bila kuwawasha watoto midomo kwa utamu.

Mapichi yaliyogandishwa nayo yanafaa yakiachwa yayeyuke kwanza. Nje ya Marekani mambo hayabadiliki sana: maduka makubwa ya Afrika Mashariki huuza mapichi ya kopo kutoka Afrika Kusini, na Lushoto, kwenye milima ya Usambara, hulima mapichi yake yenyewe. Asiye na oveni hurudi kwenye njia ya kale ya sufuria nzito na makaa, yakiwa machache chini na mengi zaidi juu ya mfuniko, na huanza kukagua baada ya nusu saa.

Watoto wana kazi za kutosha. Wa miaka minne humimina kikombe cha unga kilichopimwa. Wa miaka saba hukoroga rojo na kupanga vipande vya tunda kabla chombo hakijawa cha moto. Kwa nyumba yenye watoto wadogo, siagi huyeyushwa pembeni na kumiminwa ndani ya chombo baridi. Kufungua kopo ni kazi ya mtu mzima, kwa sababu ukingo wa kifuniko hukata kama wembe.

Kopo linapofika Clarkston

Mashariki mwa Atlanta, ndani ya Kaunti ya DeKalb, upo mji mdogo wa Clarkston. Tangu miaka ya 1980 mashirika yanayowapatia wakimbizi makazi yamekuwa yakizipeleka familia huko, kwa sababu nyumba za kupanga zilikuwa nyingi, usafiri wa umma upo na kazi za Atlanta ziko karibu. Walifika Wavietnam, Wabosnia, Wasomali, watu wa Bhutan na wa Burma. Katika miaka ya karibuni wamefika Wakongo wengi, baadhi yao baada ya kukaa miaka mingi katika kambi kama Nyarugusu mkoani Kigoma. Kwenye ngazi na maegesho ya magari ya majengo kadhaa ya Clarkston, Kiswahili si lugha ya kigeni.

Familia mpya hukutana na kopo la mapichi mapema. Mapichi ya kopo ni miongoni mwa vyakula ambavyo Wizara ya Kilimo ya Marekani hununua na kupeleka kwenye shule na vituo vya kugawa chakula. Kopo hilo huja ndani ya boksi pamoja na mchele, maharage na mboga za makopo. Maharage na mchele vinajulikana. Kopo la matunda huishia nyuma ya kabati, kwa kuwa mama hajui la kulifanyia. Tunda kwake ni kitu kinachochumwa au kununuliwa likiwa na ganda.

Mtoto ndiye anayelifahamu. "Mama, hii tunakulaka ku masomo," atasema kwa Kiswahili cha Kongo, kwa sababu vipande vilevile hutolewa kwenye chakula cha mchana shuleni.

Sentensi hiyo ndogo ina uzito katika nyumba ya mhamiaji. Mtoto huchukua Kiingereza haraka kuliko mzazi. Baada ya mwaka mmoja yeye ndiye anayesoma barua za shule, anayezungumza na mwenye nyumba kwa simu, anayemtafsiria mama hospitalini. Mzazi aliyefanya kazi zamu nzima kwenye kiwanda cha kuku hurudi na kukuta kwamba hata nyumbani mambo mengi yanasubiri maelezo ya mtoto. Heshima haipotei siku moja. Hupungua kidogo kidogo, na Kiswahili hupungua nacho, kwa kuwa mtoto huanza kujibu kwa Kiingereza, na mzazi aliyechoka huacha kumsahihisha.

Jikoni ni mahali ambapo mzani huo unaweza kusimama sawa. Mtoto husoma maandishi ya pakiti ya unga na kutafsiri vipimo. Mama ndiye anayejua rojo likoje likiwa sawa, moto ukoje ukiwa mkali mno, na harufu ya unga ulioiva. Kuna maneno ambayo hakuna shule ya DeKalb itakayomfundisha mtoto: kuchekecha, kukoroga, kumimina, kuumuka. Neno hudumu pale linapokuwa na kazi, na mtoto aliyeambiwa "mimina taratibu" akiwa ameshika bakuli hatahitaji kamusi. Kisha zipo dakika 45 za kusubiri oveni, ambazo katika nyumba nyingi ni nafasi nadra ya watu wote kukaa chumba kimoja bila mmoja wao kulazimika kuondoka.

Wapo wazazi wanaoogopa vyakula vya huku. Wamewaona watoto wakiusukuma pembeni ugali, ambao wao huuita bugali, na kudai vyakula vya shuleni. Hofu hiyo ina msingi, na kobla haitaiondoa. Lakini kobla ni kitindamlo. Huja baada ya chakula, haiko mahali pake. Mama aliyeweka bugali na sombe mezani kisha akaleta kobla aliyoipika mwenyewe hajauacha upande wake. Anamwonyesha mtoto kwamba vyakula vya pande zote mbili vinaweza kutoka kwenye mkono mmoja.

Faida nyingine huonekana nje ya nyumba. Makanisa na shule za Georgia hupenda mikusanyiko ambayo kila familia huja na chakula chake. Kwa mgeni, mwaliko huo huleta wasiwasi: alete nini ambacho watu watakula? Kobla ya mapichi haiulizwi swali. Wazee wa kizungu na wa kiamerika weusi waliokulia Georgia wataijua kabla foili haijafunuliwa, na watamwuliza mama huyo kama ametumia mapichi mabichi au ya kopo. Akijibu ya kopo, watatikisa vichwa kwa kukubali, kwa kuwa nao hufanya hivyo. Safari inayofuata anaweza kuleta sombe, na kutakuwa na watu wa kuionja.

Msimu ukifika

Wakazi wa Clarkston wakitaka kuliona tunda lenyewe kwenye mti, Fort Valley na vijiji vyake viko umbali wa takribani saa mbili kwa gari. Mwezi wa Juni na Julai yapo mashamba yanayoruhusu wageni kuchuma wenyewe na kulipia kwa uzito. Huko Musella, kwenye shamba la Dickey lililoanza mwaka 1897, wageni hukaa kibarazani na kula aiskrimu ya mapichi huku matunda yakichambuliwa karibu yao. Wasio na gari huyapata sokoni Atlanta, kwa bei ya juu kidogo.

Kobla ya mapichi mabichi hutaka matunda sita hadi manane ya wastani. Huchovywa kwenye maji yanayochemka kwa nusu dakika, yakatiwa kwenye maji baridi, na ganda lenye malaika laini huvuka kwa vidole. Hukatwakatwa, huchemshwa dakika chache na sukari nusu kikombe hadi yatoe maji, kisha huchukua nafasi ya kopo. Rojo nalo hupunguziwa sukari kwa kiasi hicho. Mengine yote hubaki vilevile.

Kobla iliyobaki hufunikwa na kuwekwa ndani ya friji, nayo hukaa siku tatu au nne. Watu wa Georgia huila asubuhi na kahawa. Katika nyumba zinazozungumza Kiswahili, chai ya maziwa huifaa vizuri zaidi.